Mifupa Iliyozaa Majitu ya Ugiriki

Fuvu la tembo humchanganya hata mtu aliyezoea kuwaona tembo wazima. Nyama ikishaoza, mkonga nao hupotea, maana hauna mfupa hata mmoja. Kinachobaki mbele ya kichwa ni tundu moja pana, pale mkonga ulipoanzia. Macho yenyewe yalikuwa pembeni, kwenye vishimo visivyozungushiwa mfupa pande zote, kwa hiyo ni rahisi kuvipita bila kuvitambua. Mpe fuvu hilo mtu asiyepata kumwona tembo maishani mwake, na huenda akakuambia kwamba mwenye kichwa hiki alikuwa na jicho moja tu, tena katikati ya uso.

Mwaka 1914, Othenio Abel, mtaalamu wa visukuku wa Austria, alijenga hoja yake juu ya tundu hilo. Katika mapango ya kisiwa cha Sicily imefukuliwa mifupa ya tembo wadogo ajabu. Wale wa pango la Spinagallo, wanaoitwa kitaalamu Palaeoloxodon falconeri, walikuwa na kimo cha meta moja hivi hata wakiwa wamekomaa, ingawa wametokana na tembo wa bara waliofikia meta nne begani. Kisiwani chakula kilikuwa haba na wanyama wakubwa wala nyama hawakuwapo, basi mwili mkubwa ukawa mzigo usio na faida, na kizazi baada ya kizazi wakapungua. Abel aliwaza kwamba mabaharia wa Kigiriki waliingia mapangoni, wakayaona mafuvu, na hapo akazaliwa Cyclops, jitu la jicho moja linaloishi pangoni na kula watu, ambalo mshairi Homer alilisimulia katika utenzi wa Odyssey kwa jina la Polyphemus.

Ni hoja tamu, na ndiyo maana inarudiwa mno vitabuni. Mimi siikubali kirahisi. Homer hakusema nchi ya majitu hayo iko wapi. Kuyaweka Sicily ni jambo tunalolikuta kwa waandishi waliomfuata, akiwamo mwanahistoria Thucydides katika karne ya 5 KK. Isitoshe, fuvu la tembo limejaa vyumba vidogo vya hewa ndani ya mfupa, na hilo hulifanya liwe jepesi kuliko linavyoonekana, tena rahisi kuvunjika. Mara nyingi linalodumu ardhini ni meno, mataya na mifupa ya miguu. Mafuvu mazima yanayoonyesha tundu lote waziwazi ni machache.

Yaliyompata Griffin, mnyama mwenye mwili wa simba na kichwa cha ndege, yanatutahadharisha zaidi. Adrienne Mayor, mwanahistoria wa sayansi wa Marekani, alipendekeza kwamba chanzo chake ni mifupa ya Protoceratops, dinosaria mwenye mdomo kama wa kasuku anayepatikana katika jangwa la Gobi, iliyoonwa na wachimba dhahabu wa Asia ya Kati. Mwaka 2024 Mark Witton na Richard Hing wa Chuo Kikuu cha Portsmouth waliipima hoja hiyo na kuikataa. Visukuku hivyo viko mamia ya kilometa kutoka kwenye machimbo ya dhahabu ya kale, na michoro ya wanyama wa aina ya Griffin ilikuwapo Misri na Mashariki ya Kati muda mrefu kabla ya Wagiriki kusikia lolote kuhusu dhahabu ya Asia. Simba mwenye kichwa cha tai anaweza kuungwa na mtu yeyote anayewajua simba na tai.

Hata hivyo Mayor huyohuyo, katika kitabu chake cha mwaka 2000, The First Fossil Hunters, aligusa jambo lenye msingi imara zaidi. Wagiriki waliiona mifupa mikubwa ya kale, wakaipima, wakaisafirisha, hata wakaigombania, na waliandika hayo wenyewe. Ila walipoandika, hawakuwataja Cyclops wala Griffin. Walitaja mashujaa na majitu.

Mwanahistoria wa Kigiriki Herodotus anasimulia habari ya Lichas, mtu wa Sparta. Wasparta walikuwa wakishindwa kila walipopigana na mji wa Tegea, na kuhani wa hekalu la Delphi akawaambia hawatashinda mpaka wapate mifupa ya shujaa Orestes, mwana wa Agamemnon. Lichas akiwa Tegea alisimama kwa mhunzi kumtazama akifua chuma. Mhunzi, akifurahi kuona mgeni anavyoistaajabia kazi yake, akamwambia kwamba uani kwake kuna ajabu kubwa kuliko hiyo: alipokuwa akichimba kisima alikuta jeneza la dhiraa saba, yaani zaidi ya meta tatu. Hakuamini kwamba watu waliwahi kuwa wakubwa kuliko wa siku zake, kwa hiyo akalifungua. Akakuta maiti ni ndefu sawa na jeneza. Akapima, akafukia. Lichas akaupanga ule ua, akaifukua mifupa na kuipeleka Sparta. Hayo yalikuwa katika karne ya 6 KK.

Kinachonivutia hapo ni yule mhunzi kuliko Lichas. Aliona jambo asiloliamini, na jambo la kwanza alilofanya ni kupima.

Tegea iko Arcadia, katika rasi ya Peloponnese, na upande wa magharibi wa eneo hilohilo ndipo lilipo bonde la Megalopolis. Pausanias, msafiri wa karne ya 2 BK, anaandika kwamba watu wa Arcadia walionyesha mahali karibu na hapo na kudai kuwa ndipo miungu ilipopigana na majitu, na kwamba moto huzuka kutoka ardhini. Leo bonde hilo ni machimbo ya makaa ya mawe ya kahawia, ambayo huweza kuwaka yenyewe chini ya ardhi. Katika machimbo hayohayo, mahali panapoitwa Marathousa, watafiti wa Ugiriki na wa Chuo Kikuu cha Tübingen wamefukua tangu mwaka 2013 mifupa ya tembo mkubwa wa kale pamoja na zana za mawe, na mifupa mingine ina alama za kukatwa. Umri wake ni zaidi ya miaka 400,000. Ardhi inayofuka moshi na kutoa mifupa minene kuliko ya ng'ombe yeyote: mtu aliyelelewa akisikia kwamba mungu mkuu Zeus aliwateketeza maadui wake kwa radi hakuhitaji ushahidi mwingine.

Lakini kwa nini waone watu, wasione wanyama? Jibu liko kwenye mfupa wa paja. Tembo husimama juu ya miguu iliyonyooka wima, na paja lake ni refu, lina kichwa cha mviringo kinachoingia nyongani kama la binadamu. Fuvu likishasagika na kupotea, paja hilo peke yake mikononi mwa aliyezoea mifupa ya watu humtangazia pandikizi la mtu. Pausanias mwenyewe hakuwa mtu wa kumeza kila kitu. Wachoraji waliyachora majitu yakiwa na nyoka mahali pa miguu, naye akasema huo ni upuuzi, akataja maiti iliyopatikana katika mto Orontes huko Syria, ndani ya jeneza la zaidi ya dhiraa 11, iliyokuwa na umbo la mtu katika kila kiungo. Ushahidi wake ulikuwa na kasoro, lakini aliutumia kuikana picha iliyopendwa na wengi.

Kisiwa cha Samos kinaonyesha zaidi jinsi maelezo yalivyobadilika. Ardhi yake, hasa karibu na kijiji cha Mytilinii, imejaa mifupa ya wanyama waliokufa miaka milioni saba na zaidi iliyopita. Masimulizi ya kale ya kisiwa yaliwataja wanyama walioitwa Neades, ambao ngurumo zao zilipasua nchi. Na Samos ni kisiwa cha matetemeko, kama lile la Oktoba 2020 lililoua watu huko na ng'ambo yake, Uturuki. Kisha, mwaka 326 KK, jeshi la Alexander lilipambana na tembo wa vita wa mfalme Porus huko India, na Wagiriki wengi wakaanza kuwajua tembo. Mwandishi wa Kigiriki Plutarch anapoandika karne kadhaa baadaye, mifupa inayoonyeshwa Samos imeshakuwa ya tembo wa mungu Dionysus, waliokufa katika vita na Waamazoni, wale wanawake wapiganaji wa hadithi, na mahali pa vita panaitwa Panaima, yaani damu tupu. Watu walipopata mnyama halisi wa kulinganisha naye, waliibadili hadithi. Na kwa sehemu walipatia, kwa sababu miongoni mwa visukuku vya Samos kuna jamaa wa kale wa tembo.

Kuna pia mnyama aliyepewa jina kutokana na kisiwa hicho, Samotherium, ndugu wa twiga. Mwaka 2015 uchunguzi wa pingili za shingo yake ulionyesha ilikuwa na urefu wa meta moja hivi, katikati ya shingo ya okapi wa misitu ya Kongo na ile ya twiga wa mbugani, ambayo hufikia meta mbili. Mkulima wa Samos aliyeipiga jembe mifupa hiyo hakuwa na twiga wala okapi wa kuilinganisha nayo.