Andy Robertson, namba tatu aliyeanzia soka la ridhaa

Andrew Robertson alizaliwa Glasgow, jiji kubwa kuliko yote Uskoti, tarehe 11 Machi 1994, akakulia kitongoji cha Giffnock kusini mwa jiji hilo. Glasgow ni mji wa timu mbili kubwa, Celtic na Rangers, na Robertson alikuwa mtoto wa Celtic. Aliingia kwenye akademi ya klabu hiyo akiwa mdogo na kupanda ngazi za vijana hadi mwaka 2009, alipotimiza miaka 15. Hapo akaambiwa hawatamhitaji tena. Kipaji hakikuwa tatizo. Makocha walimwona ana umbo dogo mno.

Watoto wengi wanaoachwa na akademi kubwa katika umri huo huishia hapohapo. Robertson alikwenda Queen's Park, na klabu hii inastahili maelezo, kwa sababu historia yake haifanani na ya timu nyingine.

Queen's Park ilianzishwa mwaka 1867 na ndiyo klabu kongwe kuliko zote Uskoti. Uskoti ilipocheza na England tarehe 30 Novemba 1872, katika mechi inayohesabiwa kuwa ya kwanza rasmi kati ya mataifa mawili, wachezaji wote 11 wa Uskoti walitoka Queen's Park, na mchezo ukaisha 0-0. Wakati ule Waingereza walizoea kila mtu kukokota mpira mpaka anyang'anywe. Vijana wa Queen's Park wao walisifika kwa kupeana pasi. Baadaye klabu zilipoanza kulipa mishahara, wao walikataa. Kauli mbiu yao ya Kilatini maana yake ni kucheza kwa ajili ya kucheza, nao waliishika mpaka mwaka 2019, wakiwa klabu ya ridhaa katikati ya ligi za kulipwa.

Pamoja na hayo, uwanja wao wa nyumbani ulikuwa Hampden Park, uwanja wa taifa wenye viti zaidi ya 50,000. Jumamosi ya kawaida wangekuja mashabiki mia kadhaa tu, wakakaa upande mmoja na kuacha viti vingine vyote vitupu. Robertson alijifunza mpira wa watu wazima katika ukimya huo, bila senti ya mshahara. Siku za kazi alikuwa hapohapo Hampden, ofisini, akipokea simu za watu wanaotaka tiketi za mechi na za matamasha. Agosti 2012, akiwa na miaka 18, aliandika kwenye Twitter kwamba maisha ya umri ule bila pesa ni mabaya na kwamba anahitaji kazi. Ujumbe huo umekuwa maarufu baadaye kwa sababu ya yaliyofuata, ila siku alipouandika ulikuwa malalamiko ya kweli ya kijana asiye na hela.

Msimu huo wa 2012-13 kocha Gardner Speirs alimpa namba katika kikosi cha kwanza, ligi ya daraja la nne. Bahati ikawa kwamba Rangers, baada ya kuanguka kifedha, walilazimika kuanza upya daraja hilohilo. Hivyo vijana wa ridhaa waliozoea viti vitupu wakajikuta wakicheza mbele ya makumi ya maelfu ya watu. Beki wa kushoto mwembamba, anayepanda na kushuka dakika zote 90, hakuweza kufichika tena.

Mwaka 2013 akasajiliwa na Dundee United, timu ya Ligi Kuu ya Uskoti iliyokuwa chini ya Jackie McNamara, ambaye naye aliwahi kuwa beki wa timu ya taifa. McNamara alimwanzisha bila kusita. Machi 2014 Robertson aliichezea Uskoti kwa mara ya kwanza, akitokea benchi mjini Warsaw katika ushindi wa 1-0 dhidi ya Poland. Msimu ulipoisha akachaguliwa na wachezaji wenzake kuwa mchezaji bora chipukizi wa Uskoti, ingawa fainali ya Kombe la Uskoti waliipoteza 2-0 mbele ya St Johnstone. Tangu ujumbe ule wa Twitter ilikuwa haijatimia miaka miwili.

Julai 2014 Hull City ya England ikamnunua kwa pauni milioni 2.85. Miaka yake mitatu pale ilikuwa ya kupanda na kushuka kwa maana nyingine: walishuka daraja mwaka 2015, wakarudi Ligi Kuu mwaka 2016 kwa kuifunga Sheffield Wednesday 1-0 katika fainali ya mchujo pale Wembley, wakashuka tena mwaka 2017 baada ya kufungwa mabao 80 katika msimu mmoja. Kwa beki, msimu kama huo ni shule ngumu. Kila wiki mawimbi ya washambuliaji yanamjia, na wenzake wanapokata tamaa anatakiwa yeye aendelee kukimbia. Liverpool walimwona katikati ya mawimbi hayo, wakamchukua Julai 2017 kwa pauni milioni 8, bei ambayo katika soko la Ligi Kuu ya England ilikuwa ndogo.

Miezi ya mwanzo alisugua benchi. Kocha Jürgen Klopp alimpa mechi ya kwanza dhidi ya Crystal Palace, akacheza vizuri, kisha akarudi kumtazama Alberto Moreno akianza wiki baada ya wiki. Desemba Moreno akaumia kifundo cha mguu kwenye mechi ya Spartak Moscow. Robertson akaingia, na Moreno hakuipata tena namba yake.

Mashabiki wa Anfield, uwanja wa Liverpool, walimpenda rasmi tarehe 14 Januari 2018, siku Manchester City, ambao hawakuwa wamepoteza mechi yoyote ya ligi msimu ule, walipofungwa 4-3. Katika kipindi cha pili Robertson aliacha eneo lake la kushoto, akamkimbilia mchezaji wa City mwenye mpira. Mpira ukapigwa nyuma, naye akaufuata. Ukapelekwa kwa mwingine, akaufuata. Ukafika kwa kipa Ederson, beki huyu wa kushoto akawa karibu na lango la wapinzani bado anaukimbiza, na mwisho akamchezea rafu Nicolás Otamendi. Hakuupata mpira, tena faulo ikawa ya City. Hata hivyo uwanja mzima ulisimama kumpigia makofi. Goli halikutokana na mbio zile, na bado ndizo zinazoeleza mchezo wake kuliko takwimu yoyote.

Takwimu nazo zipo. Zamani namba tatu, yaani beki wa kushoto, alipewa kazi moja: kumzuia winga wa kulia wa timu pinzani. Akivuka mstari wa katikati, kocha anapiga kelele. Klopp aliwapanga Sadio Mané na Mohamed Salah wakitokea pembeni kuingia katikati kufunga, na pembeni kukabaki wazi. Mabeki ndio walioijaza nafasi hiyo, Robertson kushoto na Trent Alexander-Arnold kulia. Msimu wa 2018-19 Robertson alitoa pasi 11 za mabao katika ligi, mwenzake 12. Msimu uliofuata ikawa 12 kwa 13. Wawili hao walikuwa wakishindana wazi nani atamaliza na nyingi zaidi, na Mskoti alishindwa kwa moja mara zote mbili.

Mfano mzuri ni bao la pili dhidi ya Manchester City, Novemba 2019. Dakika ya 13 Alexander-Arnold aliupiga mpira mrefu kutoka kulia kwenda kushoto, ukavuka uwanja wote. Robertson aliupokea akiwa anakimbia, akanyanyua macho mara moja, kisha akamimina krosi iliyopita nyuma ya mabeki na mbele ya kipa, mahali ambapo kila mmoja anadhani ni kazi ya mwenzake. Salah akaitia kichwa ndani. Krosi ya namna hiyo hupigwa mapema, kabla mabeki hawajajipanga, na mpigaji anapaswa kuamini kwamba mtu atatokea. Liverpool walishinda 3-1.

Katika Ligi ya Mabingwa Ulaya safari ilianza kwa machungu: fainali ya 2018 mjini Kyiv waliipoteza 3-1 kwa Real Madrid. Mwaka uliofuata walifungwa 3-0 na Barcelona katika mechi ya kwanza ya nusu fainali. Mechi ya marudiano, Anfield, Luis Suárez alimpiga Robertson teke mguuni na beki hakuweza kurudi kipindi cha pili. Georginio Wijnaldum aliyeingia badala yake akafunga mawili, na mawili mengine yakafungwa na Divock Origi, ambaye baba yake, Mike Okoth, aliwahi kuichezea Harambee Stars ya Kenya. Ikawa 4-0. Kwenye fainali Madrid, tarehe 1 Juni 2019, Robertson alicheza dakika zote na Tottenham wakafungwa 2-0, bao la pili likiwa la Origi tena.

Mwaka 2020 likafuata taji la Ligi Kuu, kwa pointi 99, na kuumaliza ukame wa miaka 30. Liverpool ilipolichukua mara ya mwisho, mwaka 1990, nahodha alikuwa beki mwingine wa Kiskoti, Alan Hansen, aliyetoka Partick Thistle ya Glasgow. Baadaye Robertson aliongeza Kombe la FA la 2022, Kombe la Ligi mara mbili, na taji la pili la ligi mwaka 2025 chini ya kocha Arne Slot.

Nje ya uwanja hakusahau alikotoka. Alipotimiza miaka 21 aliwaomba ndugu na marafiki wasimnunulie zawadi, bali wapeleke michango kwenye vituo vya chakula kwa wasiojiweza Glasgow. Mwaka 2018 alisikia kwamba mtoto mmoja shabiki wa Liverpool ametoa pesa zake za matumizi kwa kituo cha namna hiyo. Akamwandikia barua na kumtumia jezi yenye saini, ila jezi yenyewe ilikuwa ya Roberto Firmino, kwani alishachunguza akajua mtoto anampenda nani.

Kwa timu ya taifa mambo yalikuwa magumu zaidi. Alipewa unahodha mwaka 2018, wakati Uskoti ilikuwa haijacheza mashindano makubwa tangu Kombe la Dunia la 1998. Tena ilikuwa na mabeki wawili bora wa kushoto kwa wakati mmoja, yeye na Kieran Tierney, huku nafasi nyingine zikipwaya. Kocha Steve Clarke alilitatua hilo kwa kuwapanga mabeki watatu nyuma: Tierney akasimama kama beki wa kati upande wa kushoto, Robertson akapewa njia yote ya pembeni mbele yake. Novemba 2020, Belgrade, waliitoa Serbia kwa mikwaju ya penalti 5-4 na kufuzu Euro. Huko walimaliza mkiani mwa kundi, na Euro ya 2024 ikawa vilevile. Katikati ya hapo waliifunga Hispania 2-0 pale Hampden, Machi 2023, Robertson akimpokonya mpira Pedro Porro na kumtengea Scott McTominay bao la kwanza. Waliporudiana na Hispania Oktoba mwaka huo, Sevilla, Robertson aliteguka bega, akafanyiwa upasuaji na kukaa nje mpaka Januari.

Mwaka 2025 ulimwandama. Julai rafiki yake na mwenzake wa Liverpool, Diogo Jota, alifariki dunia katika ajali ya gari Hispania. Klabuni alikuwa ameletwa kijana Milos Kerkez kugombea naye namba. Kisha tarehe 18 Novemba Uskoti ikaikaribisha Denmark Hampden, mechi ya mwisho ya kundi la kufuzu, na ushindi pekee ndio ungewapeleka Kombe la Dunia moja kwa moja. McTominay akafunga kwa tikitaka mapema. Kipindi cha pili mwamuzi akasema nahodha amecheza rafu ndani ya eneo la hatari, penalti ikawekwa, ikawa 1-1. Matokeo yakafika 2-2. Katika dakika za nyongeza Tierney akapiga shuti la mbali likaingia, kisha Kenny McLean akaupiga mpira kutoka mstari wa katikati, kipa akiwa ametoka golini. Ikaisha 4-2.

Baada ya mechi Robertson aliwaambia waandishi kwamba siku nzima alikuwa akimfikiria Jota, na kwamba chumbani hotelini alikuwa amevunjika moyo ila aliwaficha wenzake. Jota alilikosa Kombe la Dunia la Qatar kwa sababu ya jeraha, Robertson kwa sababu Uskoti haikufuzu, na mara nyingi walizungumza itakuwaje siku watakapokwenda Kombe la Dunia.