Ajali ya lori: Fidia haiji bila kuthibitisha uzembe

MSIMU wa mahindi unapochanganya mkoani Ruvuma, malori hupishana usiku na mchana kati ya Songea na Makambako, na wenye mzigo wengi husafiri juu ya magunia yao. Minada ya vijijini nayo hufikiwa kwa Fuso. Aprili 2023 Fuso lililobeba wafanyabiashara waliotoka mnadani lilitumbukia Mto Njoka, wilayani Songea, wakafa zaidi ya watu 10.

Baada ya msiba huja suala la fidia. Wengi hudhani kuumia peke yake kunatosha kulipwa. Sivyo. Sheria ya Ushahidi inamtaka anayedai athibitishe dai lake. Hivyo majeruhi, au ndugu wa marehemu, ndiye wa kuonyesha kwamba dereva hakuwa mwangalifu kama ilivyompasa na kwamba madhara yalitokana na uzembe huo. Nafuu ni kwamba kipimo cha kesi ya madai si kizito kama cha jinai: inatosha mahakama ione maelezo yako yana uwezekano mkubwa zaidi kuliko ya upande wa pili.

Dereva akishtakiwa, ndugu wengi hawafuatilii kesi hiyo kwa sababu faini inakwenda serikalini. Ni kweli, haiingii mkononi mwa mjane. Lakini Sheria ya Ushahidi inasema hukumu ya kumtia mtu hatiani, muda wa rufaa ukishapita, ni uthibitisho kamili kwamba alitenda kosa hilo. Nakala ya hukumu hiyo ni mali. Hata dereva akiachiwa huru, dai la fidia halijafa.

Utetezi unaosikika sana ni "tairi lilipasuka". Mwaka 1950 nchini Uingereza, katika kesi ya Barkway, basi lilipasuka tairi na kutumbukia bondeni. Kampuni ilishindwa kwa sababu haikuwa na utaratibu wa kuwataka madereva waripoti tairi linapopigwa kwa nguvu. Kwetu, Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki ilieleza mwaka 1968, katika kesi ya Embu Public Road Services, kwamba ajali ikiwa ya namna inayoashiria uzembe, mwenye gari ndiye atoe sababu isiyo na uzembe ndani yake.

Kwa hiyo siku za mwanzo ndizo zenye thamani. Wakati mgonjwa yuko wodini, ndugu mmoja aende eneo la ajali na kituo cha polisi: apate namba ya gari, majina na simu za abiria walionusurika, picha za matairi na alama za breki barabarani. Afuatilie PF3, mchoro wa ajali na ripoti ya ukaguzi wa gari. Asisaini karatasi yoyote ya "kumalizana" kwa fedha za dawa kabla haijasomwa na mwanasheria.

Aliyekaa juu ya mzigo ajue kwamba mahakama inaweza kumpunguzia fidia kwa uzembe wake mwenyewe, na kampuni ya bima inaweza kukataa kulipa ikiwa bima ya lori haikuhusu abiria. Hapo anabaki mmiliki, anayewajibika kwa kosa la dereva wake akiwa kazini.

Kama mchumi, naona pengo kubwa zaidi kwenye hesabu. Mwaka 1992, katika kesi ya Zuberi Augustino, Mahakama ya Rufani ilisisitiza kwamba hasara mahususi lazima itajwe na kuthibitishwa. Mfanyabiashara asiye na daftari wala stakabadhi za mauzo ataonyeshaje kipato alichopoteza?

Dai linalotokana na uzembe lina miaka 3 tu. Magunia yaliyomwagika ni habari nyingine: kama ulikodi lori, unaweza kudai kwa msingi wa mkataba, ambao muda wake ni miaka 6, mradi una karatasi inayoonyesha idadi ya magunia yaliyopakiwa.