Inchi Isiyojulikana? Historia ya Kasongo na Kabambare



Shika karte ya ulimwengu, ile kubwa ya ukutani shuleni. Tafuta Ubelgiji. Umeipata? Sasa tafuta Kasongo, kiisha Kabambare. Kwenye karte nyingi hutaziona. Utaona tu rangi ya kijani na mstari wa mto Lualaba. Lakini jimbo letu la Maniema lina zaidi ya kilometa za mraba 130,000. Ubelgiji ungeingia ndani yake mara nne, na nafasi ingebaki.

Kijana mmoja wa korali aliniuliza kiisha ibada: "Pasta, shuleni tunajifunza inchi za mbali, mito yao na wafalme wao. Sisi huku tuko na pori na mashimo tu. Hatuko na historia?" Nilimjibu: tuko nayo, mwanangu, lakini ni mzigo mzito, ndiyo sababu wazee wengi wanainyamazia. Leo tuitazame pamoja, mimi na wewe.

NJIA YA PEMBE

Mto Luama unatoka milima ya upande wa ziwa Tanganyika, unapita inchi ya Wabangubangu kule Kabambare, kiisha unaingia Lualaba. Katika karne ya 19 wafanyabiashara Waarabu na Waswahili walivuka ziwa kutoka Ujiji, wakaja huku kutafuta pembe za tembo. Ulaya na Marekani walizitaka sana kwa kutengeneza vinanda na vipini vya visu. Kutoka Kasongo hadi Zanzibar, hata ukipima kwa mstari ulionyoka, ni zaidi ya kilometa 1,300. Hakukuwa na treni wala motokari. Nani abebe? Mtu alibeba. Wengine walikuwa wapagazi wa mshahara, wengine walifungwa kamba shingoni, na wao wenyewe waliuzwa huko mbele.

Mkubwa wa biashara ile alikuwa Hamed bin Muhammed el Murjebi. Sisi tunamjua kwa jina la Tippu Tip. Alizaliwa Zanzibar karibu mwaka 1837, akafika Kasongo karibu 1875 na kuifanya makao yake. Watu wake, tuliowaita Wangwana, walileta pia mpunga. Mchele wa sahani yako ulifuata njia ile. Na lugha hii unayosoma sasa, lugha tunayomwomba Mungu nayo, ilifuata njia ile ile. Usishangae. Tutarudi kwa jambo hili.

MGONJWA WA BAMBARRE

Mbele ya Tippu Tip kukaa Kasongo, mwaka 1869 alifika mmisionari David Livingstone, mahali alipopaita Bambarre, ndiyo Kabambare yetu. Alikuwa anatafuta chemchemi za mto Nili. Vidonda vya miguu vilimlaza kwa miezi mingi. Wakati mmoja alibaki na watu watatu tu: Susi, Chuma na Gardner. Katika Maniema, yeye mwenyewe aliandika, alisoma Biblia yote mara nne.

Lakini tuseme kweli yote. Mtu huyu aliyechukia utumwa alitunzwa na kulishwa na wafanyabiashara wale wale. Bila wao pengine angekufa. Historia yetu iko hivyo: si rahisi kupata mtu ambaye mikono yake haikugusa kamba ile.

Mwezi wa tatu 1871 alifika Nyangwe, kwenye ukingo wa Lualaba, leo katika teritwari ya Kasongo. Soko la pale lilimpendeza sana. Wamama walikuja kwa maelfu na samaki, vyungu, kuku na chumvi, wakicheka na kubishana bei. Tarehe 15 Julai 1871 watu wa mfanyabiashara mmoja waligombana juu ya bei ya kuku. Wakaanza kupiga bunduki katikati ya soko. Wamama walikimbilia mitumbwi, mitumbwi ikajaa na kuzama, wengi wakachukuliwa na maji. Waarabu wenyewe walihesabu waliokufa kati ya 330 na 400.

Livingstone aliona kwa macho yake. Karatasi zilikuwa zimemwishia, akaandika juu ya gazeti kuukuu kwa wino aliojitengenezea kwa mimea. Wino ukafifia, watu wakashindwa kuusoma. Mwaka 2011 wataalamu walipiga picha za kurasa zile kwa mianga ya namna mbalimbali, na maneno yakaonekana tena. Habari ya Nyangwe ilipofika Uingereza iliwapa nguvu waliopinga biashara ile. Mwezi wa sita 1873 Sultani Barghash alitia sahihi mkataba, soko la watumwa la Zanzibar likafungwa. Mahali pale leo pamesimama kanisa.

BENDERA ILIBADILIKA

Mwaka 1892 vita vilianza kati ya Waarabu na jeshi la mfalme Leopold II wa Ubelgiji. Kasongo ilianguka tarehe 22 Aprili 1893, Kabambare mwezi wa kwanza 1894. Walisema wamekuja kuvunja utumwa. Ni kweli misafara ya watumwa ilikoma. Lakini kazi ya lazima ilikuja mahali pake, na pembe ziliendelea kutoka, mara hii kwa njia ya mto na bahari nyingine. Reli ya Kindu hadi Kongolo ilimalizika 1910, ikapita ng'ambo ya mto, ikaiacha Kasongo upande wake. Kiisha wakaja watu wa kasiterite kule Kalima, na wa dhahabu kule Namoya.

Umeona? Wengi waliokuja walituulizia kitu cha kubeba. Ni wachache waliouliza jina la mtu.

WANA WA YAKOBO

Sasa jambo linalonichoma moyo. Nimesikia kwenye kisima mtu akimtukana mwenzake "mtumwa". Nimesikia Mkristo akimwambia jirani yake Mwislamu: "Ninyi muliuza babu zetu." Ndugu, nani aliuza nani? Wangwana wengi walikuwa watoto wa huku huku, waliotekwa, kiisha wakapewa bunduki. Hata Gongo Lutete, mkubwa wa vita, inasimuliwa kwamba alikuwa mtumwa kwanza. Pengine wewe ni mjukuu wa aliyefungwa na wa aliyeshika kamba, wote wawili. Na wajukuu wa waliopelekwa wako hadi leo Ujiji na Dar es Salaam, wanaitwa Wamanyema. Ni ndugu zetu.

Soma Mwanzo sura ya 37. Yosefu aliuzwa na ndugu zake mwenyewe kwa msafara wa wafanyabiashara, kwa vipande 20 vya feza. Miaka ikapita, wakakutana tena. Yosefu hakusema kwamba haikutokea. Alisema walikusudia mabaya, lakini Mungu aliyageuza kuwa mema. Kiswahili chetu ni hivyo. Kilikuja na msafara, Mungu akakigeuza kuwa lugha ya Injili.

Lakini tusidanganyike kwamba msafara umekwisha. Wazazi wa Salamabila na wa mashimo mengine, muangalie yule mtoto anayebeba mfuko wa mchanga kichwani saa ya masomo, sababu baba yuko na deni. Hakuna kamba shingoni, lakini mzigo ni ule ule. Bei ya gramu moja ya dhahabu tunaijua kila asubuhi. Mtoto yule yuko kalasi ya ngapi, hatujui. Mtoe shimoni mwezi huu, mrudishe shuleni. Kanisa, tumsaidie baba yule na deni lake.

Na ninyi vijana, leo jioni muende kwa bibi au babu na daftari. Muulize: babu yako alitoka wapi? Nani alichukuliwa? Nani alirudi? Muandike majina, hata ya aibu. Inchi inajulikana pale watu wake wanapojulikana kwa majina.

Mungu awabariki.