Mkulima, Wajua Maana ya "Kinga"?

Tuseme wewe ni mkulima wa Kieni, nawe una ng'ombe wanne wa gredi. Habari zafika kwamba ugonjwa wa miguu na midomo umeingia upande wa Naromoru. Jumatatu unamwita afisa wa mifugo, naye anawadunga ng'ombe wako wote sindano ya chanjo. Alhamisi ng'ombe mmoja anatokwa na mate mengi, ulimi wake una malengelenge, anachechemea na hataki kula. Jirani mmoja anasema, "Sindano ndiyo iliyomletea ugonjwa." Jirani wa pili anasema, "Sindano ile ilikuwa maji matupu." Nawe unaapa kwamba ng'ombe wako hawatachanjwa tena.

Wote watatu mmekosea, na kosa lenu limetokana na neno moja tu: kinga. Watu wengi hulitumia neno hili kila siku bila kujua maana yake sawasawa. Kosa la neno ni dogo, lakini hasara yake si ndogo. Katika miaka ya 1960, mashamba ya skimu yalipogawiwa, wakulima wengi walinunua ng'ombe wa gredi kwa mkopo. Ng'ombe alipokufa, deni halikufa naye. Hata leo mkulima anayepoteza ng'ombe wa maziwa hupoteza karo ya watoto na malipo yake ya kila mwezi. Basi soma mpaka mwisho, ujue unalipia nini unapolipia chanjo.

CHANJO, KINGA NA DAWA SI KITU KIMOJA

Kukinga ni kuzuia jambo lisikufikie. Unakinga jua kwa mkono usoni. Kwa madaktari wa watu na wa mifugo, kinga ni ule uwezo wa mwili kuushinda ugonjwa fulani kabla haujamwangusha mtu au mnyama.

Chanjo ni neno jingine. Latokana na kuchanja, yaani kukata au kutia chale, kwa sababu zamani chanjo ilitiwa kwa kukwaruza ngozi. Mwaka 1796 daktari Edward Jenner wa Uingereza alimchanja mtoto mkononi kwa usaha wa ndui ya ng'ombe, ugonjwa mwepesi, ili asishikwe na ndui yenyewe iliyokuwa ikiua watu. Mtoto yule hakuugua ndui.

Dawa ya kutibu ni neno la tatu. Hiyo hupigana na ugonjwa uliokwisha kuingia mwilini.

Basi chanjo ndiyo inayotoka katika chupa. Kinga haitoki katika chupa. Kinga hutengenezwa na mwili wa ng'ombe wako mwenyewe baada ya kupata chanjo. Chanjo ni kama mwalimu, na kinga ni elimu. Mtoto hapati elimu siku ile ile mwalimu anapoingia darasani. Kwa hiyo siku ya Jumatatu ni sawa kusema, "Ng'ombe wangu wamechanjwa." Lakini usiseme, "Ng'ombe wangu wana kinga," mpaka zipite wiki mbili au zaidi. Tena kwa chanjo nyingine, ng'ombe anayechanjwa mara ya kwanza hana budi kurudiwa baada ya wiki chache ndipo kinga yake ikomae.

ASKARI WA DAMU

Ndani ya damu mna chembe nyeupe. Kazi yake ni kulinda mwili. Zikikutana na kijidudu kigeni, chembe fulani katika hizo hutengeneza vitu vidogo mno viitwavyo kingamwili. Kingamwili hukishika kijidudu, hukizuia kisiingie katika nyama ya mwili, na hukitia alama ili chembe nyingine zikimalize.

Lakini kila kingamwili ina adui wake mmoja, kama ufunguo na kufuli yake. Kingamwili ya kimeta haiwezi kitu mbele ya chambavu. Hata ugonjwa wa miguu na midomo una aina saba duniani, na hapa Kenya zimeonekana zaidi ya moja. Ng'ombe mwenye kinga ya aina moja aweza kuugua kwa aina nyingine. Ndiyo sababu maafisa huchunguza kwanza ni aina gani iliyoingia, na ndiyo sababu si haki kuilaumu chanjo kabla ya kujua.

Tena kingamwili hupungua. Kwa magonjwa mengine kinga hudumu maisha yote. Kwa mengine huisha upesi. Kinga ya miguu na midomo ni ya muda mfupi, na kwa kawaida chanjo yake hurudiwa kila baada ya miezi sita hivi. Mkulima aliyechanja mwaka juzi asiseme kwamba ng'ombe wake wana kinga mwaka huu.

Sasa turudi kwa yule ng'ombe wa Kieni. Ugonjwa wa miguu na midomo hukaa mwilini siku 2 hadi 14 kabla dalili kuonekana. Basi yawezekana sana kwamba ng'ombe yule aliupata kabla ya Jumatatu. Chanjo haikumletea ugonjwa, kwani kijidudu kilichomo katika chanjo ile kimeuawa kabisa. Wala haikuwa maji matupu. Ilichelewa tu. Mwenzako aliyechanja mwezi uliotangulia, ugonjwa haujafika jirani, ndiye aliyepata faida ya pesa zake.

NDAMA HUZALIWA BILA KINGA

Iko kinga ya namna nyingine, nayo ni kinga ya kuazima. Mtu aliyeumwa na nyoka hupewa dawa yenye kingamwili zilizotolewa katika damu ya farasi. Mwili wake haukuzitengeneza, umeazimwa. Kinga hiyo hufanya kazi mara moja, lakini haikai.

Mtoto wa binadamu huazima kingamwili za mama yake akiwa bado tumboni. Ndiyo sababu mama mja mzito huchanjwa pepopunda: mtoto azaliwe akiwa tayari na ulinzi. Lakini ndama si hivyo. Kondo la nyuma la ng'ombe halipitishi kingamwili. Ndama wako akianguka kwenye majani, damu yake haina askari. Askari wake wote wamo katika maziwa ya kwanza ya mama yake, yale mazito ya rangi ya manjano tunayoyaita dang'a.

Hapa ndipo wakulima wengi wanapopoteza ndama bila kujua. Utumbo wa ndama mchanga una mlango wa kupitisha kingamwili nzima nzima mpaka kwenye damu. Mlango huo huanza kufungwa baada ya saa chache tu tangu kuzaliwa, na baada ya siku moja umefungwa kabisa. Ukimnywesha dang'a kesho yake, atashiba, lakini kingamwili hazitaingia katika damu.

Basi mnyweshe katika saa mbili za kwanza baada ya kuzaliwa, wala usikubali zipite saa sita. Mpe kadiri ya sehemu moja kwa kumi ya uzito wake ndani ya nusu siku ya kwanza. Ndama wa kilo 40 apate lita nne, akigawiwa mara mbili. Ng'ombe akizaa usiku wa baridi huko Mweiga au Kiganjo, usiseme utamwona asubuhi. Washa taa, nenda zizini. Ndama asiyeweza kusimama, mkamulie mama yake na umnyweshe kwa chupa.

Jambo moja zaidi. Kingamwili za kuazima huweza kuizuia chanjo isimfundishe ndama, kwa maana huimaliza kabla mwili wake haujaitambua. Ndiyo sababu daktari wa mifugo akisema, "Ndama huyu bado, ngoja miezi kadhaa," si mvivu wala hakunyimi haki yako. Anangoja askari wa kuazima wapungue.

DAMU YAKO YASEMA NINI MAABARA?

Katika mji wa Karatina iko maabara ya serikali ya kuchunguza magonjwa ya mifugo. Damu ya ng'ombe ikipelekwa maabara kutafutwa kingamwili, wataalamu hutenga majimaji ya damu na kuyazimua nusu kwa nusu, mara nyingi. Hutazama yamezimuliwa mara ngapi kabla kingamwili hazijashindwa kuonekana. Hesabu hiyo ndiyo kipimo cha kingamwili.

Kwa magonjwa mengine wataalamu wamepatana juu ya kiwango fulani cha kutosha. Kwa kichaa cha mbwa, kwa mfano, aliyechanjwa huhesabiwa kuwa mwili wake umeipokea chanjo vizuri akiwa na nusu ya uniti moja ya kingamwili, au zaidi, katika mililita moja ya majimaji ya damu. Lakini ukiambiwa tu, "Ng'ombe wako ana kingamwili," usifurahi wala usilie mpaka uulize: za nini, na zimetoka wapi? Huenda alichanjwa. Huenda aliugua akapona. Huenda bado anao ugonjwa, kama ule wa kutupa mimba. Kama ni ndama, huenda ameazima kwa mama yake. Kwa hiyo mweleze afisa ukweli juu ya kila chanjo aliyopata mnyama, na uandike tarehe kwenye daftari.

Wakati mwingine kukosa kingamwili ndiyo habari njema. Wazee walisimulia juu ya sotoka, tauni ya ng'ombe iliyofagia mifugo ya Afrika Mashariki katika miaka ya 1890. Huko Muguga, karibu na Nairobi, Walter Plowright na wenzake walikikuza kijidudu cha sotoka katika chembe za figo za ndama, mara nyingi mfululizo, mpaka kikapoteza ukali wake. Chanjo yao ya miaka ile ya 1960 ilimpa ng'ombe kinga ya maisha kwa sindano moja. Mnyama wa mwisho duniani aliyethibitishwa kuwa na sotoka alikuwa nyati, katika Hifadhi ya Meru, mwaka 2001. Ni hapa hapa upande wetu wa Mlima Kenya.

Lakini dunia ingejuaje kwamba sotoka imekwisha? Ilibidi chanjo isimamishwe, kisha damu ya wanyama waliozaliwa baadaye ipimwe. Zisipoonekana kingamwili za sotoka, basi hawajakutana nayo. Mwaka 2011 ilitangazwa kwamba sotoka imeondoka duniani kote.

NDIGANA KALI NI NAMNA YAKE

Usidhani kwamba kingamwili ndizo kinga yote. Kijidudu cha ndigana kali huletwa na kupe wa masikio, kisha hujificha ndani ya chembe nyeupe zenyewe, mahali ambapo kingamwili hazimfikii. Kinga ya kweli ya ndigana hutoka kwa chembe nyingine nyeupe ambazo huziua zile zilizoingiliwa. Kingamwili katika damu hutuambia tu kwamba ng'ombe amekutana na ugonjwa.

Chanjo yake, ambayo nayo ilitengenezwa Muguga katika miaka ya 1970, ina vijidudu hai. Kwa hiyo ng'ombe hupewa siku ile ile sindano ya dawa inayodumu mwilini ili ugonjwa usimshinde. Usikubali apewe moja bila nyingine. Kinga yake hudumu miaka mingi. Lakini kwa mkulima anayepakana na msitu wa Mlima Kenya au wa Nyandarua, ambako nyati hutoka, iko hatari: vijidudu vitokavyo kwa nyati huweza kuipita kinga hiyo. Wala haizuii ndigana baridi na magonjwa mengine ya kupe. Usiache kuogesha ng'ombe kwa sababu amechanjwa.

YASHIKE HAYA

1. Chanja kabla ugonjwa haujafika. Kinga yahitaji wiki mbili au zaidi.

2. Rudia chanjo kwa wakati, na uandike tarehe, jina la ugonjwa na namba iliyo kwenye chupa.

3. Chanjo nyingi huharibiwa na joto. Ile ya miguu na midomo yataka baridi ya nyuzi 2 hadi 8, wala isigande. Ikiletwa mfukoni bila sanduku la barafu, ikatae.

4. Ndama anywe dang'a katika saa mbili za kwanza.

5. Usichanje ng'ombe mgonjwa au aliyedhoofika kwa njaa bila shauri la daktari. Mwili dhaifu haujifunzi vizuri.

Wahenga walisema kinga ni bora kuliko tiba. Wewe sasa wajua kwamba kinga hainunuliwi dukani. Utanunua chanjo, kinga ataitengeneza ng'ombe wako, naye ataka umpe muda. Basi usingoje habari za Naromoru. Afisa wa mifugo akitangaza siku ya chanjo katika eneo lako, walete wote, hata yule mtamba aliyefichwa nyuma ya nyumba.