Je, Wajua? Anga la Gabriel Figueroa

Gabriel Figueroa (1907–1997), mpigapicha wa sinema wa Meksiko, alipiga filamu zaidi ya 200, lakini ukitazama mawingu tu utamtambua. Enzi za picha nyeusi na nyeupe aliweka vichujio vyekundu mbele ya lenzi: anga la buluu likawa karibu jeusi, na mawingu yakasimama meupe, mazito kama milima. Ni uzuri unaoshika pumzi. Mwaka 1935 alikwenda Hollywood kujifunza kwa Gregg Toland, ambaye baadaye alipiga Citizen Kane. Filamu ya María Candelaria ilichangia kumpatia tuzo ya upigaji picha katika tamasha la filamu la Cannes, 1946. Lakini katika Los olvidados (1950) ya Luis Buñuel, aliupiga umaskini wa mitaa ya Jiji la Meksiko bila kuupamba.