Mondragón: Kamanda Aliyeishinda Bahari, Akashindwa na Deni

Wanakisomo hupenda kutuuliza swali hili: Jeshi hushindwa na nini? Wengi hujibu upesi, "Hushindwa na adui." Leo tutaeleza habari za kamanda mmoja wa Hispania aliyeitwa Cristóbal de Mondragón. Habari zake zinatuonyesha kwamba liko jibu lingine.

VITA VYENYEWE

Katika karne ya 16, nchi ambazo leo tunaziita Uholanzi na Ubelgiji zilitawaliwa na Mfalme Philip II wa Hispania. Wenyeji walilalamikia kodi. Tena Waprotestanti waliadhibiwa, na wengine kuuawa, kwa sababu ya dini yao. Basi watu wakaasi. Vita vilianza mwaka 1568 na kwisha mwaka 1648, yaani miaka 80. Mtu aliweza kuzaliwa, kuoa, kuzeeka na kufa, vita vingali vinaendelea.

Jambo moja lazima tulifahamu. Sehemu nyingi za Uholanzi ziko chini kuliko bahari. Wenyeji hujenga matuta makubwa kuzuia maji. Tuta likibomoka, shamba linageuka bahari. Kwa hiyo kamanda wa huko alipigana na watu, akapigana na maji pia.

KUVUKA KWA MIGUU

Mondragón alizaliwa mji wa Medina del Campo, Hispania. Aliingia jeshini akiwa askari wa kawaida, akapanda cheo kwa cheo.

Mwezi Oktoba 1572, askari wa mfalme walikuwa wamezingirwa katika mji wa Goes, ulioko kisiwani. Merikebu za msaada hazikuweza kupita, kwa sababu waasi walikuwa na nguvu majini. Mondragón alikuwa amekwisha pita umri wa miaka 50. Akapata habari kutoka kwa wenyeji waliokuwa upande wa mfalme: kati ya bara na kisiwa kuna ardhi iliyofunikwa na bahari miaka mingi nyuma. Maji yakipwa, mtu anaweza kupita kwa miguu.

Wenzetu wa pwani wanajua maana yake. Maji hupwa, halafu hujaa tena. Ukichelewa, umekwisha.

Usiku, Mondragón akawaongoza askari 3,000 kuingia majini. Yeye mwenyewe alitangulia. Kila mtu alibeba kichwani mfuko wa baruti na chakula kikavu, visilowe. Maji yaliwafika kifuani, na chini kulikuwa na matope. Walikazana mpaka wakafika ng'ambo kabla maji hayajajaa. Waliozama walikuwa 9 tu. Waasi walipopata habari kwamba jeshi limetoka baharini, waliacha kuuzingira mji wakakimbilia merikebu zao.

NJAA MIDDELBURG

Baadaye Mondragón aliulinda mji wa Middelburg. Hapo yeye ndiye aliyezingirwa. Mwezi Januari 1574 merikebu zilizoleta msaada zilishindwa vitani. Chakula kikaisha, watu wakala hata mbwa na panya. Mwezi Februari akakubali kuutoa mji, kwa masharti kwamba askari wake waondoke na silaha zao. Hata hapo jeshi lake halikuvunjika.

DENI LA MSHAHARA

Sasa tunafika kwenye kiini cha habari yetu. Mwezi Septemba 1575, askari wa Mondragón walivuka tena maji usiku, wakauzingira mji wa Zierikzee. Kazi hiyo ilichukua miezi mingi. Mji ukasalimu amri katikati ya mwaka 1576.

Lakini mfalme alikuwa hana fedha. Meli zilimletea fedha nyingi kutoka Amerika, ila vita vilikula zaidi. Mwaka 1575 alitangaza kwamba anasimamisha kulipa madeni yake. Matajiri waliokuwa wakimkopesha wakafunga mifuko. Askari walikuwa wamekwisha kaa miezi mingi bila mshahara. Walivumilia maji, baridi na risasi, wakiambiwa, "Ngojeni kidogo." Waliposhinda Zierikzee, bado hawakulipwa.

Wakaasi. Waliwakataa wakubwa wao, wakauteka mji wa Aalst. Tarehe 4 Novemba 1576, askari walioasi pamoja na wengine wa Hispania waliingia mji wa Antwerp, mji wa biashara kubwa kabisa. Kwa muda wa siku 3 walipora, wakachoma nyumba, wakaua maelfu ya watu. Raia ndio waliolipishwa deni la mfalme kwa damu yao.

Matokeo yake? Tarehe 8 Novemba, hata majimbo yaliyokuwa bado yanamtii mfalme yaliungana na waasi, yakatia sahihi mapatano mjini Ghent ili askari hao wafukuzwe. Hapo Ghent palikuwa na ngome ya Mondragón, naye hayupo. Mke wake ndiye aliyeisimamia na kuilinda, mpaka ikabidi kuitoa.

MWISHO WAKE

Mondragón aliendelea na kazi mpaka uzeeni. Mwaka 1595 aliongoza jeshi akauokoa mji wa Groenlo. Alifariki Januari 1596 katika ngome ya Antwerp, mji ule ule ulioumizwa na askari wasiolipwa.

Basi turudi kwenye swali letu. Bahari haikumshinda Mondragón. Njaa haikulivunja jeshi lake. Kilicholivunja ni ahadi isiyotimizwa. Wazee walisema: dawa ya deni ni kulipa. Mfalme hakulipa, na kazi yote ya miaka ile ikaharibika katika mwezi mmoja.

MASWALI YA KUJADILIANA
1. Kwa nini askari walivumilia maji na njaa, lakini hawakuvumilia kukosa mshahara?
2. Nani alikuwa na kosa Antwerp: askari, wakubwa wao, au mfalme? Toeni sababu.