Fahamu: Nyota nyekundu si lazima iwe kongwe
Betelgeuse, nyota kubwa nyekundu, ilipofifia mwishoni mwa 2019, wengi walidhani inakaribia kulipuka; kumbe ilikuwa imetema gesi iliyogeuka wingu la vumbi lililoiziba. Wekundu wake unaonyesha joto la uso, takriban nyuzi joto 3,300 za Selsiasi, wala si umri: ina miaka kama milioni 10 tu, ilhali Jua letu lina bilioni 4.6. Kinachoamua urefu wa maisha ya nyota ni uzito wake: kadiri ilivyo nzito, ndivyo inavyoishi muda mfupi. Utauliza, nyota kubwa si ndiyo yenye fueli nyingi? Kweli, lakini kiini chake hubanwa na kuchemka mno, hivyo huteketeza hidrojeni kwa pupa. Proxima Centauri, nyekundu pia ila ndogo, itang'aa kwa matrilioni ya miaka.